Kamtilia Dawa

Baba mpendwa,

Shikamoo. Hujambo huko kambini? Mgongo je, bado unakusumbua ukishuka kwenye greda, au yule fundi mwenzako amekutengenezea kiti kama alivyoahidi? Na kikohozi cha vumbi? Tafadhali usinijibu “sijambo” ya mkato kama unavyomjibu Mama. Niandikie ukweli, hata kama si mzuri sana. Sisi huku hatujambo kwa sehemu kubwa. Sehemu iliyobaki ndiyo inayonifanya nikuandikie barua ndefu namna hii wakati mazoezi yangu ya hesabu yananisubiri mezani.

Najua barua ya Mama imeshakufikia. Ni mimi niliyeipeleka posta, na alinieleza kilichomo: anakuomba ukubali Dada arudishwe hospitali, kwa sababu hawatampokea bila idhini yako wewe uliyeandikishwa kuwa msimamizi wake. Nakuomba sana, Baba, kabla hujaweka saini popote usome na yangu mpaka mwisho. Mwalimu wetu wa Kiingereza anatuambia kwamba mtu asianze kutafsiri sentensi kabla haijafika kwenye nukta, kwani neno la mwisho linaweza kuyageuza yote yaliyotangulia. Naona na barua ni hivyo hivyo.

Ulipotuaga, Dada ndiyo kwanza alikuwa ametoka hospitali. Unakumbuka ugonjwa ulivyomwanza, zile kengele za simu ambazo hatukuzisikia sisi, na watu ndani ya waya waliokuwa wakimsengenya. Na unakumbuka alivyorudi: mpole, mzito, anakula mkate na kuomba mwingine, mikono inamtetemeka mpaka chai inamwagika kwenye kisahani. Mwenyewe alikuwa anacheka. Alisema zamani, akiwa opereta wa simu, mikono hiyo ilikuwa inauunganisha mji mzima, na sasa inashindwa kuunganisha kikombe na mdomo. Baada ya wewe kuondoka aliendelea vizuri. Kila asubuhi Mama alimpa vidonge vyake, cheupe na cha njano, akavimeza mbele yake, kisha wakatoka pamoja kwenda dukani kwa dobi. Mama anapiga pasi, Dada anakunja mashati na kuyafunga kwenye karatasi. Dobi alikiri kwamba tangu Dada aje hakuna mteja aliyerudi kulalamika kuwa amepewa suruali ya mtu mwingine.

Jirani wa mlango wa pili, unamjua ulimi wake, alikuwa akimwona Dada anapita anamuuliza kama leo simu zinaingia. Dada akamjibu siku moja kwamba zinaingia vizuri, isipokuwa yake yeye jirani tu ndiyo imekatwa, maana anaongea kupita kiasi. Nilicheka mpaka nikakaa chini. Nilidhani yamekwisha.

Sasa nikueleze habari za Mjomba, kwa sababu yote yamepitia kwake, ingawa hakukusudia. Unajua ule ukumbi wake wa video ulivyo, viti vya mbao, mapazia meusi, na televisheni iliyofungiwa ndani ya kisanduku cha chuma kana kwamba itatoroka. Siku hizi watu wamesahau kabisa jina lake halisi, wanamwita Kipaza. Anakaa kando ya televisheni na kipaza sauti kilichofungwa leso, anapunguza sauti ya filamu mpaka unasikia muziki na vishindo tu, halafu anaieleza filamu yote yeye mwenyewe, wanaume na wanawake, mbwa na polisi. Kiingereza chake ni kidogo, na yeye hafichi. Anasema anatazama nyuso, na nyuso hazina Kiingereza.

Mwanzoni mwa mwaka alipata sanduku la kanda kutoka nyumba ya wageni iliyofungwa. Ni filamu za zamani ambazo zilirekodiwa moja kwa moja kutoka televisheni ya mbali, kwa hiyo hata matangazo ya biashara yamo. Katikati ya filamu moja ya majambazi likaingia tangazo la sabuni, mwanamke anafua huku anatabasamu. Mjomba hakubabaika hata kidogo. Alisema huyo ni mama mzazi wa jambazi, anafua nguo za damu ili polisi wasigundue. Tangazo lilipojirudia, akasema, mnaona, bado hazijatakata. Watu walipiga makofi mpaka mwenye duka la jirani akaja kuuliza kuna nini. Ndivyo Mjomba wetu alivyo, na mji mzima unampenda kwa hilo.

Yeye ndiye aliyemwambia Mama kwamba Dada anahitaji kutoka, hawezi kuishi kati ya kitanda na pasi. Akatualika mimi na Dada kwenye onyesho la mchana, akatuwekea viti vya mbele. Filamu ya siku hiyo haikuwa ya sinema. Mwalimu wangu alinieleza baadaye kwamba zamani vituo vya televisheni vilikuwa vikitengeneza filamu zao wenyewe, za watu wachache ndani ya nyumba moja, za kutisha bila damu. Hii ilikuwa ya namna hiyo. Mwanamke kijana anarudi nyumbani kutoka hospitali ya wagonjwa wa akili. Nyumba ni kubwa, ina ngazi ndefu na simu nyeusi chini ya ngazi. Mumewe anampokea vizuri, lakini anaongea kwenye simu kwa sauti ya chini na kunyamaza kila mkewe anapoingia. Vitu vinaonekana si mahali pake. Simu inalia, mwanamke anapokea, hamna mtu. Kisha usiku mume anasimama jikoni, ametupa mgongo, anakoroga glasi ya maziwa.

Hapo Mjomba akashusha sauti yake, ile anayoiweka akiba kwa ajili ya wabaya, akasema, “Kamtilia dawa huyo. Mwangalieni. Kamtilia dawa mkewe.”

Ukumbi mzima ukaguna. Akina mama waliokaa upande wa dirishani wakaanza kumsihi yule mwanamke asinywe. Muuza nyama aliyekuwa nyuma yetu alisema angekuwa na shemeji wa aina hiyo angemtundika kwenye ndoano pamoja na mbuzi. Mjomba alipoona watu wamepamba moto akazidi kuchochea. Akaeleza kwamba mume anaitaka nyumba, kwamba ugonjwa wote wa mkewe unatoka kwenye glasi ile, na kwamba akimpeleka hospitali mara ya pili hatarudi tena. Mwanamke alipoitupa glasi ukutani, watu walishangilia. Mwishoni anaonekana ameshika simu, analia huku anaongea, na Mjomba akasema hapo anawaita polisi, amepona, amepona kwa sababu amekataa dawa. Dada alikuwa amenishika mkono. Nilitazama vidole vyake na havikuwa vikitetemeka. Nilifikiri ni dalili nzuri.

Tangu kesho yake Dada alikuwa anakiweka kidonge shavuni na kukitema kwenye beseni la kunawia. Nilikikuta kimeyeyuka pembeni, cha njano, nikadhani ni sabuni. Baada ya muda hakujificha tena. Aliviweka vyote mezani mbele ya Mama, akasema kwa adabu kabisa kwamba hatavimeza. Mama akamuuliza kwa nini. Dada akamjibu, “Kwa sababu unanitilia dawa, Mama.”

Baba, huhitaji mimi nikueleze uzito wa maneno hayo akiambiwa mama na mtoto aliyemzaa. Kuta zetu ni nyembamba. Jirani wa mlango wa pili aliyasikia, na aliyoyasikia yeye yalifika dukani kwa dobi kabla Mama hajafika. Siku hiyo Mama alichoma kola ya shati la mteja, kitu ambacho sijawahi kukiona tangu nizaliwe. Alikaa kwenye kiti akalitazama lile shati muda mrefu, kisha akasema kwamba amelea watoto wawili kwa mikono hii, na leo mikono hii inaogopwa nyumbani kwake.

Dada akaanza kurudi nyuma upesi. Usingizi ulikwisha. Akakata waya wa redio kwa mkasi. Alikuwa anaburuta kiti na kukaa nacho nyuma ya mlango wa mbele, mgongo umenyooka, na mara kwa mara anasema kwa sauti yake ya kazini, ile nzuri yenye heshima, “Namba gani, tafadhali?” Anasubiri, anaitikia kwa kichwa, anasema, “Ngoja kidogo, nakuunganisha.” Mkono wake unachomeka waya ambao haupo mahali ambapo hapapo. Ningeweza kuvumilia kama angekuwa anapiga kelele. Heshima ile ndiyo iliyoniliza.

Halafu, bila sababu niliyoijua, akaanza kupata nafuu. Akalala. Akala. Mikono ikaanza kutetemeka tena, kiti kikarudi mezani. Ila alishika jambo moja na hakuliachia: chai yake ni chungu. Kila akiletewa anaonja, anaweka kikombe chini, anasema ni chungu. Mama anamwambia ni chai ile ile ya sote. Mjomba alimwambia mdomo wa mgonjwa ndivyo ulivyo, yeye akiwa na homa hata maji yanamkwaruza. Na mimi, Baba, nilikaa naye kitandani nikamshika bega, nikamweleza taratibu kama mtu anayemfundisha mtoto kusoma, kwamba si chai, ni ugonjwa ndio unaosema. Aliniangalia akasema, “Hata wewe.” Akainywa chai yote mpaka chini, kwa kuwa amechoka kubishana.

Nikaamua kwamba nitaliondoa tatizo pale lilipoanzia. Niliwaza hivi: Dada anaogopa kwa sababu ya filamu ile, na filamu ile ameieleza Mjomba, ambaye anatazama nyuso tu. Nikimthibitishia kwamba Mjomba alikosea, atameza vidonge vyake. Jumamosi asubuhi nikaenda ukumbini na kamusi yangu. Mjomba alikuwa anafagia maganda ya karanga. Nikamwomba aiweke kanda ile, apandishe sauti ya filamu na anyamaze yeye. Alisema hajawahi kuombwa kunyamaza ndani ya ukumbi wake mwenyewe, lakini akaiweka. Tuliirudisha nyuma na kuipeleka mbele mpaka akaniambia mashine itaomba likizo.

Ilikuwa kama nilivyotumaini, na zaidi. Yule mume hakuwa mbaya. Filamu inakufanya umshuku tangu mwanzo, ndio ufundi wake, lakini aliyekuwa anazungumza naye kwa sauti ya chini kwenye simu ni daktari. Anamwambia kwamba mkewe ameacha kumeza dawa, kwamba anaogopa, na kwamba imembidi amwekee kwenye maziwa. Si sumu, ni dawa yake mwenyewe aliyoandikiwa. Na simu ya mwisho, ile ambayo Mjomba alisema ni ya polisi, mwanamke anampigia daktari yule yule na kumwomba miadi.

Wenzetu wa lugha ile wana neno lao la dawa ya kuponya, na neno jingine la kitu cha kudhuru. Sisi tuna dawa ya meno na dawa ya panya, dawa ya kikohozi na dawa ya viatu, na ile nyingine ambayo watu wakiitaja wanashusha sauti, na zote ni dawa. Mjomba hakusema uongo. Alisema kamtilia dawa, na kweli alikuwa amemtilia dawa. Ila kwetu ukishasema hivyo kwa sauti ile, hakuna atakayefikiria hospitali. Mjomba alikaa kwenye kiti cha mteja na ufagio mkononi. Alisema mwanamume mwenye tai anayenong’ona kwenye simu, kwa uzoefu wake wote, ni mwizi au anaachana na mtu. Akatafuta mzaha mwingine hakuupata. Akaniuliza kama Dada ameacha vidonge kwa sababu yake yeye. Nilimjibu ndiyo, kwa sababu alikuwa ameniuliza akitaka kujua.

Lakini kuna maneno mengine niliyoyasikia kwenye kanda ile, na siku hiyo sikuyapa uzito. Daktari anamjibu yule mume, “Mwambie. Ukiendelea kumficha, atakuogopa wewe kuliko anavyouogopa ugonjwa.” Nilitafsiri, nikafurahi kwamba nimepata kila neno, nikafunga kamusi.

Nilikimbia nyumbani. Nilipita mlango wa nyuma kwa sababu ndio ulio karibu ukitokea ukumbini, na Mama hakunitarajia mapema vile. Alikuwa amesimama jikoni, amenipa mgongo. Mbele yake kulikuwa na kikombe cha Dada, na kwenye kisahani alikuwa anakisaga kidonge cha njano kwa mgongo wa kijiko. Akakwangua unga, akautia kwenye chai, akakoroga. Akaongeza sukari. Akakoroga tena.

Nilisimama pale kama niliyeingia nyumba ya watu. Mama alipogeuka hakushtuka kama nilivyofikiri. Alifunga mlango wa kwenda sebuleni, akaniketisha kwenye ndoo iliyogeuzwa, akaniambia kwa kunong’ona kwamba ni dawa ile ile ya hospitali, na kwamba kama si hiyo chai, Dada angekuwa bado anachomeka waya hewani. Aliniuliza kama nimeshamwona analala. Aliniuliza kama nimeshamwona anakula. Nilikubali yote, kwa kuwa yote ni kweli. Kisha akaniomba, Mama yangu ambaye hajawahi kuniomba bali kuniagiza, nisimwambie Dada kamwe.

Baba, Mama si mtu mbaya, na sitaki barua hii ikupe wazo hilo. Lakini nilimtazama Dada akinywa chai ile mchana huo. Akasema ni chungu. Na mimi niliyekuwa nimekimbia kumletea ukweli wa filamu, nikakaa kimya. Nikaona kwamba tulikuwa tunamrudishia usingizi wake na huku tunamwambia kila siku kwamba ulimi wake unamdanganya. Mtu ambaye ugonjwa wake ni kusikia kisichokuwepo, tulimwambia kwamba hata kilichopo hakipo. Nisingeweza kumwambia tena ni ugonjwa unaosema. Na nisiposema hivyo, niseme nini?

Nilimpeleka ukumbini siku ambayo hakuna onyesho. Mjomba aliweka kanda na kukaa mbali na kipaza sauti chake, mikono mapajani. Nilimtafsiria Dada sentensi kwa sentensi, kila moja mpaka nukta. Tulipofika kwenye maziwa nilisema: anamwambia daktari kwamba mkewe ameacha kumeza dawa, imembidi amwekee kwenye maziwa. Dada akamwomba Mjomba aisimamishe. Mume akabaki pale kwenye kioo, kijiko ndani ya glasi, picha inatetemeka. Dada hakuniangalia. Aliniuliza, “Na chai yangu?”

Nikamwambia. Nilisema ndiyo, imetiwa kidonge cha njano, anayekitia ni Mama, nami nimeona kwa macho yangu. Niliogopa atasimama, atapiga kelele, atakimbilia barabarani. Mjomba alikuwa ameshajisogeza mlangoni. Machozi yakaanza kumtoka Dada, lakini uso wake ulikuwa umelegea kwa namna ambayo sijaiona tangu augue. Alisema, “Kwa hiyo ulimi wangu ni mzima.” Akarudia tena polepole. Mjomba naye alilia. Alisema ni vumbi la pazia.

Nyumbani Dada alimwomba Mama alete vidonge mezani. Mama alinitazama mara moja tu, nikajua amejua. Alivileta. Dada alimwomba amtajie kila kimoja kina kazi gani. Mama akajibu kwa sauti ya mtu anayehojiwa polisi. Dada akachukua cheupe, akakiweka kwenye kiganja ili sote tukione, akakimeza kwa maji. Cha njano alikirudisha kwenye chupa. Alisema hicho ndicho kinachomtetemesha mikono na hatakimeza mpaka azungumze na muuguzi mwenyewe. Kesho yake alikwenda, nikamsindikiza. Muuguzi wa zahanati, yule mnene anayecheka peke yake, safari hii hakucheka. Alisema kidonge hicho hakisagwi wala hakitiwi kwenye kitu cha moto, na mgonjwa hapewi dawa kwa siri kama anavyonaswa ndege. Kisha akampunguzia, nusu kwa siku, akamwambia arudi amweleze mikono inaendeleaje. Dada anaimeza hiyo nusu. Namwona anaimeza. Siku nyingine anakawia sana, anaigeuza geuza, na Mama anatoka nje kwa sababu hawezi kutazama. Lakini anaimeza.

Hapo ndipo Mama alipokuandikia. Anaogopa kwamba siku moja Dada atairudisha chupani na hakutakuwa na chai ya kutusaidia tena. Sisemi hofu yake ni ya bure, maana mimi pia naisikia. Na mimi na Mama hatujakaa sawa. Ananipikia, ananifulia sare, anauliza habari za shule, lakini ananiita kwa jina langu la shule badala ya kuniita mama kama zamani. Anasema nimemvua nguo mbele ya mtoto wake. Namsaidia kukunja mashati, na nayakunja vizuri.

Sasa nimefika kwenye jambo ambalo kwa kweli ndilo lililonifanya nichukue kalamu. Siku ile, nikiwa nimekaa juu ya ndoo, nilimuuliza Mama alipata wapi wazo la kutia kidonge kwenye chai. Hakutaka kusema. Nilipomkazania akasema lilitoka kwako. Alisema ulipopiga simu dukani kwa dobi, siku Dada alipokata waya wa redio, alikulilia, na wewe ukamwambia, mtilie kwenye chai tu, asijue. Na akaniambia nisikutaje. Dada alipouliza mezani nani aliyeamua, Mama alijibu kwamba ni yeye peke yake. Niliposikia hivyo nilitazama sakafu.

Dada hajui, Baba. Ni jambo pekee ambalo bado halijui, na sikumwambia, kwa sababu la Mama nililiona kwa macho, lakini hili ni lako. Najua ulisema kwa upendo, uko mbali, na mkeo analia kwenye simu ya watu. Ningekuwa mimi labda ningesema vile vile. Lakini Dada anakuamini wewe kuliko sisi sote. Anasema, angalau Baba hakuwepo. Kila anaposema hivyo nahisi tumekaa tena na kikombe kile mezani.

Kwa hiyo nina maombi mawili, na naomba uyapokee kutoka kwa mtoto anayekuheshimu. Usiweke saini kwanza. Na umwandikie Dada barua yake mwenyewe. Usimpitishie salamu ndani ya barua ya Mama wala ndani ya yangu. Iwe na jina lake juu ya bahasha, umwambie kwa mkono wako ulichomshauri Mama. Siwezi kukuahidi kwamba hatakasirika. Nadhani atakasirika sana. Lakini sasa hivi anaweza kukasirika na bado akameza kidonge chake, nimemwona akifanya hivyo kwa Mama, na ndiyo maana nina matumaini.

Anakusalimu. Nilipomwambia nakuandikia, aliniuliza kama nimeandika ukweli, nikamjibu ndiyo. Akaniambia basi nikuandikie kwamba kengele bado anazisikia baadhi ya siku, ila siku hizi anaziacha zilie mpaka zichoke. Mjomba anakusalimu, anasema filamu ile ameitoa kwenye onyesho, na wateja wanamdai yule mume wao mbaya. Mama anakusalimu, ingawa hakusema, alinipa stempu. Mimi nimekuwa wa pili darasani kwa Kiingereza, na nimeshaulizia: barua kutoka kambini kwenu hufika Jumatano. Jumatano ijayo nitamwomba Dada tuongozane posta, nitamwachia yeye aulize dirishani kama kuna yake.

Ni mimi mwanao ninayekupenda,

Kitindamimba wako